Neema, Dhiki na Udugu katika Utendi wa Fumo Liyongo na Adili na Nduguze

Methali isemayo "Akufaaye kwa dhiki ndiye rafiki" imekwisha kuzoeleka hata wengi wetu huichukua kuwa mizani iliyohakikishwa. Msomaji akutanapo na hadithi ya mtu aliyeshuka kutoka neema kuingia taabuni, hutazama mara moja ni nani aliyebaki naye na ni nani aliyemkimbia, kisha huhukumu. Madhumuni ya makala haya ni kuonyesha kwamba maandiko mawili mashuhuri ya Kiswahili, moja la tenzi na moja la nathari, hayaitii methali hiyo kwa urahisi huo. Yote mawili yadai kwamba dhiki ni nusu tu ya mtihani, tena nusu iliyo nyepesi. Mtihani mzito huja pale neema inapomkaribia mtu, au inapomkalia jirani yake akaiona kila siku.

Andiko la kwanza ni Utendi wa Fumo Liyongo, uliotungwa na Muhammad bin Abubakar Kijumwa wa Lamu mwaka 1913. Habari zenyewe ni kongwe kuliko mtungaji. Edward Steere alikwisha kuzichapa kwa nathari katika Swahili Tales mwaka 1870, na masimulizi yake yaliishi vinywani mwa watu wa pwani ya kaskazini muda mrefu kabla ya hapo. Andiko la pili ni Adili na Nduguze la Shaaban Robert, lililotokea mwaka 1952. La kwanza ni la ushujaa, la pili ni la mafumbo ya tabia. La kwanza laishia kwa mauti, la pili kwa msamaha. Hata hivyo swali lao ni moja: ni nini hasa kinachovunja udugu?

Na tuanze na Liyongo. Mtu huyu ni shujaa, mshairi na mwenye haki ya kutawala, na mpinzani wake ni Mfalme wa Pate, ambaye masimulizi mengi humhesabu kuwa wa ukoo wake. Kwa hiyo ugomvi wenyewe toka mwanzo ni wa nyumba moja. Mfalme aogopa nguvu za Liyongo, na Liyongo, akiisha kutambua hatari, aihama Pate na kwenda bara. Hapo ndipo bahati yake inapogeuka, na hapo ndipo Kijumwa anapoleta mtihani wa kwanza, ambao wachambuzi wengi huupita kama kisa cha kuchekesha tu.

Mfalme awaahidi watu wa mwituni fedha wakimletea kichwa cha Liyongo. Watu hao hawamshambulii. Wafanya urafiki naye, na urafiki wao wachukua umbo la kikoa. Neno hili lastahili kuangaliwa. Kula kikoa ni kula kwa zamu, kila mshirika akitoa chakula siku yake, hata mwisho wote wawe wametoa na wote wawe wamepokea. Ni desturi ya walio sawa. Haina tajiri wala maskini, na haina mdeni asiyeweza kulipa. Mtungaji asingeweza kuchagua chombo kilicho safi zaidi cha urafiki, na ndicho hicho anachokifanya kuwa mtego. Zamu yafika kwenye makoma. Wakubaliana kwamba kila mtu apande mkoma kwa zamu yake, nao wamekusudia kumpiga mishale Liyongo atakapokuwa juu. Liyongo hapandi, atwaa upinde wake na kuyaangusha makoma kwa mishale. Wale marafiki waona kwamba hawamwezi, na urafiki wakoma. Tazama jinsi jambo lilivyo: watu hawa hawakumkimbia katika dhiki yake. Walikuja kwa sababu ya dhiki yake, na walikula naye. Kwa mizani ya methali wangalipita mtihani. Kilichowapima kweli ni fedha iliyokuwa ikiwangojea Pate.

Mtihani wa pili ni wa gerezani, na hapa methali yapata haki yake. Mama yake Liyongo aendelea kumpelekea chakula kila siku kwa mkono wa kijakazi Saada, na walinzi wakila kizuri wakamwachia kibaya. Kwa wimbo wenye fumbo Liyongo amwagiza mama aoke mikate miwili, mmoja mzuri, na mwingine wa wishwa, na ndani ya huu wa wishwa atie tupa. Walinzi wauchukua mzuri na kuucheka ule wa wishwa, nao wafika mikononi mwa mfungwa. Usiku ule, kelele za ngoma ya gungu zikivuma, akata minyororo yake. Katika utendi mzima sijui picha iliyojaa maana kuliko mkate huu. Walinzi ni watu wa neema: wana mamlaka, wana shibe, wana haki ya kuchagua. Na uchaguzi wao ndio unaowapofusha. Mama na kijakazi hawana kitu ila wishwa, na uaminifu wao umo ndani ya kile kisichotamaniwa na mtu. Yafaa pia kukumbuka kwamba Saada ni mtumwa. Uaminifu wake hauna tumaini la urithi, wala utendi haumpi zawadi yo yote baadaye. Mtungaji hakutia neno la kumsifu. Yamkini hakuliona kuwa lahitajika. Mimi naona kwamba kimya hicho ni upungufu, maana kijakazi huyu ndiye mtu pekee katika kisa kizima aliyetenda wema bila damu na bila malipo.

Wa tatu ni mtihani wa mwana. Mfalme, akiisha kushindwa kwa fedha na kwa gereza, amgeukia mtoto wa Liyongo mwenyewe, na amwahidi kumwoza binti yake na kumpa cheo. Kijana aenda kwa baba yake huko alikokimbilia, amwuliza ni kitu gani kiwezacho kumwua. Baba atambua mara moja kwamba mwanawe amehadaiwa; amwambia hivyo waziwazi; kisha amjibu. Ni sindano ya shaba, ichomwe kitovuni.

Mwana huyu hakumwacha baba yake katika shida. Amsafiria, akaa naye, ala naye. Hofu yamzuia mara kwa mara kabla hajatenda alilolijia, na mtungaji ampa nafasi ya kusitasita. Kama kipimo ni kumfaa mtu wakati wa dhiki, kwa nje mwana huyu amefaa. Kilichomshinda si taabu ya baba bali raha yake mwenyewe, iliyo karibu ajabu, karibu hata aione. Na baba? Wengine wamesema kwamba Liyongo alitoa siri kwa sababu shujaa haogopi kufa. Maelezo hayo hayatoshi, maana shujaa huyu alitumia werevu mwingi kukwepa mauti ya mkoma na mauti ya gereza. Naona maelezo yaliyo karibu zaidi na maandishi ni haya: kumnyima mwanawe jibu kungekuwa kukiri kwamba udugu umekwisha, na hilo Liyongo hakulikubali. Mbele ya rafiki alitumia mshale. Mbele ya mlinzi alitumia fumbo. Mbele ya mwana hakutumia kitu. Wala si bure kwamba mahali penyewe ni kitovu. Kitovu ni kovu la uzazi, alama inayomkumbusha kila mtu kwamba alikuwa amefungwa na mwingine. Mwana achoma pale pale ambapo undugu wa damu umeandikwa mwilini.

Mwisho wa kisa warudi kwa mama. Liyongo afa amepiga goti karibu na kisima, upinde mkononi, na watu hawathubutu kuteka maji wakidhani yu hai. Mama aitwa kumbembeleza mtu aliyekwisha kufa. Mwana, ambaye alikuwa akitukuzwa, avuliwa heshima mara mauti ya baba yanapothibitika. Watu wamchukia, na mauti hayachelewi kumfuata naye. Neema aliyoahidiwa haikuwapo. Hapa Kijumwa aharakisha kidogo. Adhabu ya mwana yaja upesi mno, na Mfalme aliyemhadaa abaki katika kiti chake bila kuulizwa. Msomaji ana haki ya kunung'unika, walakini hana budi kukiri kwamba ndivyo ilivyo mara nyingi duniani: mnunuzi husalimika, muuzaji ndiye aangamiaye.

Tugeukie Adili na Nduguze. Chanzo cha kisa hiki chajulikana: ni hadithi ya Abdullah bin Fadil na nduguze katika Alfu Lela Ulela. Wasemao kwamba Shaaban Robert alitafsiri tu hawakutazama majina. Ndugu wawili wa Adili waitwa Hasidi na Mwivu. Jina la kwanza latoka katika Kiarabu, kutoka shina lile lile lililotupa husuda. La pili limeundwa kwa kiambishi cha Kibantu juu ya wivu. Kwa mtazamo wa haraka ni jina moja lililosemwa kwa lugha mbili, kana kwamba mtungaji ataka kutuambia kwamba uovu huu hauna kabila. Lakini matumizi ya kila siku yatenga maneno haya. Hasidi hutaka neema ya mwenzake iondoke, hata kama yeye hatapata kitu. Wivu, kwa matumizi yaliyo mengi, ni uchungu wa kutaka kumiliki peke yako, na huingia zaidi katika mambo ya mapenzi. Hadithi yatumia maana zote mbili. Ndugu hawa wapewa na Adili baada ya kupoteza vyao, na fadhili hiyo haiwatulizi. Kisha Adili ampata Mwelekevu katika mji ambao watu wake wamegeuka mawe, na jahazini, wakati wa kurejea, husuda ya mali na wivu wa mwanamke zakutana. Wamtupa ndugu yao baharini.

Hapa tena dhiki si mtihani uliowashinda. Walipokuwa maskini walikuwa wapole, walipokea, wakashukuru. Wema wa Adili ndio uliowakumbusha kila siku kwamba yeye ni mtoaji na wao ni wapokeaji. Katika kikoa kila mtu hutoa na kila mtu hupokea. Katika nyumba ya Adili zamu haikugeuka hata siku moja. Hilo si udhuru wa kosa lao. Ni maelezo ya mahali kosa lilipoota mizizi, na mwandishi, kwa kuyapa maovu majina, amejizuia asiyafuate maelezo hayo hadi mwisho. Mtu aitwaye Hasidi hana njia ya kuwa hasidi. Amekwisha kuwa toka ukurasa wa kwanza. Mwana wa Liyongo, asiye na jina katika utendi, ana nafasi ya kusitasita ambayo Hasidi na Mwivu hawakupewa.

Walakini Shaaban Robert aliona jambo moja ambalo Kijumwa hakuligusa, nalo ni mtihani wa yule aliyepanda. Huria, jini aliyemwokoa Adili, awageuza ndugu hao manyani, na amwamuru Adili awapige kila usiku. Adili sasa ni liwali wa Janibu. Ana cheo na mali, na waliomdhulumu wamo mikononi mwake bila msaada. Hakuna neema iliyo kubwa kuliko hii, wala iliyo hatari zaidi. Apiga kwa sababu ameamriwa, na alia, kisha awalisha. Siri hii ndiyo inayomfikia Mfalme Rai wa Ughaibu kwa kinywa cha Ikibali, na ndiyo inayofungua kisa chote. Yaani hadithi haianzi na uovu wa ndugu. Yaanza na mtu mwenye neema aliyeonekana akiwa na mjeledi mkononi, na swali la kwanza la msomaji ni kama yeye ndiye dhalimu.

Mwisho nao wathibitisha nia ya mwandishi. Katika hadithi ya Kiarabu ndugu hao, wakiisha kurudishiwa umbo lao, humwua Abdullah. Shaaban Robert hakuufuata mwisho huo. Ndugu warudi katika ubinadamu na wasamehewa. Wako waliouona kuwa mwisho laini. Nami nakubali kwamba msamaha wenyewe wategemea mno mkono wa mfalme na wa majini, hata juhudi ya ndugu wenyewe haionekani vya kutosha. Lakini mabadiliko haya si ulegevu. Ikiwa wema wa mtu mmoja ulivunja usawa, udugu hautarudi mpaka yule aliye juu akubali kuuacha mjeledi.

Kwa kuyaweka maandiko haya mawili pamoja, twapata mafunzo ambayo methali peke yake haitupi. Mama na Saada waifaulu dhiki, na methali yawasifu kwa haki. Watu wa kikoa na mwana wamkaribia mtu wa dhiki, na methali yadanganyika nao. Hasidi na Mwivu washindwa na neema ya mwingine. Adili apimwa na neema yake mwenyewe, na yeye peke yake ndiye afaulu mtihani huo. Katika madarasa mengi Liyongo hufundishwa kama kisa cha nguvu na hila, na Adili kama orodha ya sifa njema na mbaya. Mwalimu atakayeyasoma kwa zamu, moja likilipa lingine kama katika kikoa, atawapa wanafunzi wake jambo lenye faida zaidi: atawafundisha kuuliza, kila rafiki asifiwapo kwa kutomwacha mwenzake taabuni, ni ahadi gani iliyokuwa imewekwa mbele yake wakati ule.