Picha Mbili za Paul Strand Darasani

Walimu wengi miongoni mwetu hutumia picha darasani ili wanafunzi wazieleze kwa Kiswahili. Safari hii tumechagua mbili za Mmarekani Paul Strand (1890–1976), mmoja wa waanzilishi wa upigaji picha wa kisasa.

Ya kwanza aliipiga New York mwaka 1916. Ni uso wa mwanamke mchuuzi wa barabarani. Shingoni amening'iniza kibao chenye neno moja kubwa linalosema kuwa ni kipofu. Juu yake pana beji ya leseni ya uchuuzi, yenye nambari. Strand alitaka nyuso zisizojipanga mbele ya kamera, kwa hiyo aliwahi kufunga lenzi bandia iliyoelekea upande mwingine, ili anaowapiga wasijue. Picha ilitoka mwaka 1917 katika toleo la mwisho la jarida la Camera Work la Alfred Stieglitz, ikasifiwa kwa ukweli wake. Nasi tunaisifu. Lakini hila ya nini mbele ya mtu asiyeona? Hakuombwa ruhusa, wala picha haitaji jina lake.

Ya pili ni ya Ghana, mwaka 1964, enzi za Nkrumah. Msichana amesimama wima, vitabu kichwani. Anajua kuwa anapigwa picha, na jina lake kamili ndilo jina la picha. Imo katika kitabu cha Strand kuhusu Ghana kilichotoka mwaka 1976, maelezo yakiwa ya Basil Davidson. Wapo watakaosema picha hii imepangwa mno, inanukia bango la serikali. Hawakosei sana. Kwa nguvu ya kisanaa ile ya kwanza inaishinda. Kwa adabu, imeshindwa.

Tulipozipeleka darasani, wanafunzi walimwita msichana kwa jina lake tangu sentensi ya kwanza. Yule mwanamke wakamwita "kipofu" na, karibu wote, "ombaomba", ilhali beji inaonyesha wazi kuwa ana leseni ya biashara! Kibao kilikuwa kimekwisha kuwasomea picha.

Basi mwalimu atakayeitumia akifunike kwanza kibao hicho kwa karatasi, wanafunzi waandike aya moja juu ya uso na beji peke yake, ndipo akifunue.