Bega la Bondeni Si Mahali pa Kebo

Kebo ya faiba inayopanda kutoka Mombo kwenda Lushoto imelazwa upande usio wake. Nalisema mapema ili anayetaka kubisha aanzie hapa. Maungio ya nyuzi ni safi, chemba zimejengwa kwa zege la kueleweka, nguzo za alama zinaonekana. Mafundi walioshika mashine ya kuungia hawadaiwi kitu. Kosa lilitangulia, siku mpima njia wa mkandarasi, ambaye sitamtaja, alipoamua mtaro upite bega la nje, upande wa korongo, katika vipande vile vya chini ya Soni ambako barabara imeng'ang'ania ubavu wa mlima.

Mliopita wakati wa kuchimba mliona kazi ilivyokimbia. Ingeachaje kukimbia? Pale mtu anachimba kifusi. Barabara ya mlimani hupatikana kwa kukata ubavu wa juu na kumwaga udongo huo upande wa chini. Nusu ya ndani inakaa juu ya ardhi iliyokatwa, mara nyingi mwamba; nusu ya nje inakaa juu ya udongo uliohamishwa. Mwamba wa Usambara ni gnaisi ya kale sana, na juu yake umelala udongo mwekundu mzito uliotokana na kuoza kwa mwamba huohuo. Masika ikikolea, maji yanazama mpaka yakutane na jiwe, yanakosa njia, na tabaka la juu linaanza kuteleza. Kifusi ndicho hutangulia. Kila mwenyeji wa Soni anajua ni upande gani wa lami unaoanza kupasuka.

Tena mtaro wenyewe unaongeza ubaya. Ukichimba mita moja na ushei sambamba na ukingo wa kifusi, kisha ukarudishia udongo bila kuushindilia tabaka kwa tabaka, umefungua mlango wa maji palepale ambapo ufa wa kuteleza hupenda kuanzia. Kebo imewekwa mahali pabaya, na uwekaji wake umepafanya pabaya zaidi. Nimekagua vipande ambavyo ardhi juu ya mtaro imedidimia na kuacha mfereji mrefu. Mvua ikinyesha, maji ya barabarani yanakusanyika humo na kuzama taratibu. Hakuna mhandisi wa barabara ambaye angeruhusu mfereji wa aina hiyo kwenye bega la bondeni kama angeombwa kwa jina lake halisi.

Nimesikia utetezi, na haukosi uzito. Upande wa ndani una mtaro wa maji ya mvua, na kila mwaka kijiko kinakuja kuusafisha. Udongo wa juu unaporomokea hukohuko. Jiwe linahitaji nyundo ya hewa, na nyundo ya hewa inakula fedha. Yote kweli. Lakini udongo ukiiangukia kebo iliyofukiwa, unaifunika tu. Kijiko kinaweza kuikata, nacho kina dereva wa kuonyeshwa ramani. Ndani ya jiwe unaweza kuchimba kina kifupi, ukaweka bomba la chuma, ukamwaga zege juu, na kijiko kikikwaruza kinakwaruza zege. Upande wa nje, kinachoondoka ni ardhi yenyewe pamoja na bomba, kebo na chemba. Zege halisaidii kitu kilichopoteza mahali pa kukalia.

Kuna waliosema suluhisho ni kubadili aina ya nyuzi: badala ya G.652D ya kawaida, tuweke G.657, isiyoumia ikipindwa. Hoja hii imenichosha kwa miaka. G.657 ilibuniwa kwa ajili ya kona za majengo, waya unapopita fremu ya mlango kwenda sebuleni. Inavumilia kupindwa, haivumilii kuvutwa. Uzi wa kioo hujaribiwa kiwandani kwa kunyooshwa asilimia 1. Kwenye kipande cha mita 20 kilichobanwa pande zote mbili, hiyo ni sentimita 20, na poromoko la wastani linasogea mita kadhaa. Mbaya zaidi, G.657 inaficha dalili. Kwenye G.652D, udongo ukianza kuhama, kipimo cha OTDR, kifaa kinachosoma mwanga unaorudi ndani ya uzi, kwenye nanomita 1550 na 1625 kinaonyesha upotevu ukipanda huku 1310 ikibaki ilivyokuwa. Hapo fundi makini anajua kebo inapindwa mahali fulani kabla haijakatika.

Mwanga wenyewe hauna shida na mlima ule. Mombo hadi Lushoto ni kilomita 33 hivi. Kwa desibeli 0.2 kila kilomita unapoteza 6.6, ongeza maungio, bado hujakaribia kikomo cha vifaa vya masafa marefu vinavyouzwa leo. Tangu Charles Kao aonyeshe mwaka 1966 kwamba kioo kisafi kingeweza kubeba mawasiliano, tatizo la kioo limetatuliwa. Sehemu kubwa ya gharama ya faiba ni kuchimba, na ndiyo maana kubana matumizi kwenye kuchimba kunavutia. Lakini kila poromoko linataka kipande kipya, kila kipande kipya ni maungio mawili, gari, jenereta, na hospitali na benki za Lushoto zikisubiri. Fedha iliyookolewa kwa kukwepa jiwe inarudi kudaiwa kila masika.

Wazee wa Posta na Simu wasingefanya hivi. Waya wao wa shaba ulipita juu ya nguzo, na fundi aliijua njia yake kwa miguu. Nguzo ikianguka, ilisimamishwa nyingine. Na kabla yao, reli iliyoanzia Tanga mwaka 1893 na kufika Mombo mwaka 1905 haikujaribu kupanda: ilishika tambarare hadi Moshi. Wakoloni walipotaka mbao za mitarakwa za Shume, kampuni ya Adolf Bleichert ya Leipzig ilijenga njia ya kamba ya angani kutoka Mkumbara, chini ya kilomita 10, ikipanda zaidi ya mita 1,000. Ilikuwa kazi ya wakoloni, na mitarakwa ile haikuondolewa kwa faida yetu. Ila wapimaji wale walijua kutofautisha mwamba na kifusi.

Njia yao ya Shume hadi Mkumbara ina faida nyingine kwetu. Lushoto inategemea barabara moja kwa mawasiliano yake, na tarehe 12 Mei 2024, kebo za EASSy na SEACOM zilipokatika baharini, nchi nzima iliona maana ya kukosa njia ya pili. Kebo ya ADSS, isiyo na chuma, ikining'inizwa kwenye nguzo kutoka Lushoto kupitia Magamba hadi Shume, kisha ishuke Mkumbara, ingefunga duara kwenye barabara kuu ya Moshi. Kibali cha msitu wa hifadhi kitachukua muda, na matawi yatahitaji kukatwa kila mwaka. Mimi ningeanza kukiomba sasa.

Wakati kibali kinasubiriwa, si lazima kuhamisha kilomita zote. Vipimo vya 1310 na 1550 vichukuliwe kila mwezi kuanzia Februari, vilinganishwe na vya siku ya makabidhiano. Kisha vipande vinavyopita juu ya gabioni na juu ya midomo ya kalavati vihamishiwe upande wa jiwe, kuanzia kona za karibu na maporomoko ya Soni, ambako bega la nje tayari limeshuka chini ya usawa wa lami.