Mlango, Liguru na Nyapara: Uhakiki wa Maana na Asili ya Vyeo

Msomaji wa hati za zamani za Kavirondo ya Kaskazini, wilaya iliyokuwa na Bungoma ndani yake hadi 1956, hukutana na cheo cha "mlango". Chini ya chifu wa lokesheni walikuwako wakuu wadogo, kila mmoja na mlango wake. Msomaji akishika maana ya kwanza ya neno, atamdhani mtu huyo bawabu. Akikimbilia fasiri ya "mzee wa kijiji", atakuwa amempata mtu na kulipoteza neno. Twaona kosa hili la pili ndilo lenye hatari zaidi, kwa kuwa halionekani.

Mlango hapa si ubao na bawaba. Katika Kiswahili cha pwani, neno hili hutaja pia tawi la ukoo, yaani watu waliotoka nyumba moja. Waluo, waliokuwa pamoja na Waluhya katika jimbo la Nyanza, huuita ukoo dhoot, maana yake kinywa cha nyumba. Kwa maoni yetu, neno la pwani lilikaa vizuri huko bara kwa sababu lilikuta fikira iliyolifanana.

Hata hivyo, jina na kazi havikuandamana. Sheria ya Wakuu wa Vijiji ya 1902 ilimfanya mkuu awajibike kwa serikali juu ya amani na njia. Ile ya 1912 ikampa uwezo zaidi wa kuamrisha. Mlango ukageuka eneo lenye mipaka, na msemaji wa jamaa zake akawa mjumbe wa ofisi. Huenda ndiyo sababu jina la Kiluhya, liguru, limedumu vinywani mwa watu kuliko lile la kwenye hati.

Tukivuka kwenda Kitale, twakuta hali nyingine. Katika mashamba ya walowezi wa Trans Nzoia, aliyewasimamia watu kila siku alikuwa nyapara. Hakuwa mtumishi wa serikali. Jina lake latoka kwa Wanyamwezi, ambao kwao lilimhusu mzee au mkubwa, kisha likamhusu kiongozi wa wapagazi safarini. Neno la heshima likaishia kuwa neno la kazi ya kusimamiwa. Mlango ulihesabu watu kwa uzazi; nyapara aliwahesabu kwa mikono.

Baada ya uhuru wa 1963, wengi kutoka Bungoma walipata ardhi Trans Nzoia, wakakaa na majirani wa koo mbalimbali. Sheria ya Serikali za Kaunti ya 2012 nayo ilimweka msimamizi wa kijiji. Mfasiri asiyajumlishe majina haya. Kila moja lasema mamlaka yalitoka wapi: kwa jamaa, kwa mwajiri, au kwa sheria. Akiyafuta, amefuta historia ya waliotawaliwa.