Mchezo Huchezwa na Anayetunza

Vitabu vya Kimarekani kuhusu ufundi wa jukwaa ni vingi, lakini kimoja kingemfanya malenga yeyote wa mwambao aketi vizuri asome: Finishing the Hat cha Stephen Sondheim, kilichotoka mwaka 2010. Sondheim alitunga nyimbo za michezo ya kuigiza ya Broadway, na humo anazikusanya nyimbo zake mwenyewe na kuzipekua mstari kwa mstari: huu umekaa sawa, huu umelegea, huu wa ujanani unamtia haya mpaka uzeeni. Kwenye vina hana msamaha. Sauti zinazokaribiana bila kulingana kwake si vina. Mtu wa Tanga, mji wa mshairi Shaaban Robert aliyezaliwa Vibambani mwaka 1909, akifika hapo anajiona yuko nyumbani. Huku nako mtu hupimwa hivyo hivyo: kina kikipotea na mizani ikipungua, wazee hawangoji shairi liishe ndipo wagune.

Sondheim alifundwa na Oscar Hammerstein, ambaye pamoja na Richard Rodgers alitoa Oklahoma! mwaka 1943. Mchezo ule ndio vitabu vingi vinautaja kama mahali ambapo wimbo ulikoma kuwa pambo la kupumzishia watazamaji. Wimbo uwe wa mhusika fulani, saa fulani, kwa sababu fulani. Ukimalizika, hadithi iwe imesogea. Mtunzi basi anamjua anayemwandikia. Anajua jina lake, anampenda nani, na pazia likifunguliwa atasimama wapi.

Mtunzi wa taarab wa Tanga hana raha hiyo. Anaandika wimbo wa mchezo ambao wahusika wake hajawaona. Wahusika wenyewe watalipa kiingilio Jumamosi usiku, wataingia na kanga zao za doti, na kila mmoja atakuja na kisa chake moyoni. Huo ndio ufundi ninaousifu hapa, na nadhani ni mgumu kuliko ule wa Broadway.

Mji wenyewe uliuandaa ufundi huu. Reli ilianza kujengwa Tanga mwaka 1893, mkonge ukaleta watu wa kila kabila, na Ngamiani ikajaa ngoma. Wanawake walikuwa na vyama vyao vya lelemama vilivyoshindana kwa mavazi na kwa maneno. Wanaume walikuwa na beni. Baadaye zikaja bendi za dansi, Jamhuri Jazz na Atomic Jazz, na magitaa yao. Katika taarab, Black Star Musical Club ilipoanza mwishoni mwa miaka ya 1950 haikuiga okestra kubwa za fidla za Unguja. Ilikuwa kundi dogo, lenye gitaa na besi, lenye mdundo wa kuchezeka. Kutoka humo ikazaliwa Lucky Star, na sauti ya Shakila Saidi ikavuka mipaka ya nchi. Majumba ya sinema yakaongeza lao: filamu za Kihindi zilizoea kukabidhi nyimbo kazi ya kusimulia, na watunzi wa mwambao walichota humo lahani bila kuona aibu.

Sasa tutazame wimbo unavyofanya kazi. Chukulia mtunzi ameandika juu ya chombo kibovu kinachojisifia tanga jipya. Beti ziko nne, na kiitikio kimoja. Hakuna jina, hakuna mtaa, hakuna kisa. Ukumbini kuna mke ambaye mumewe ameoa mwingine. Kuna mfanyabiashara ambaye mwenzake amejitenga naye na sasa anajitapa. Kuna jirani aliyekatwa na ulimi wa jirani. Wote watatu wanausikia wimbo ule ule, na kila mmoja anajua hakika kwamba ameandikiwa yeye.

Ubeti wa tatu unafika. Mke anainuka. Haendi haraka. Anacheza taratibu kuelekea jukwaani, noti ikiwa juu kidoleni ili ionekane, na neno lenyewe linapoimbwa anageuza uso upande fulani wa ukumbi, au anatikisa bega tu. Kisha anamtunza mwimbaji. Hajatamka kitu; akiulizwa kesho atasema alifurahia muziki. Lakini ukumbi mzima umeshamwelewa, na aliyelengwa anakuna kichwa: akikaa kimya amekubali, akiinuka kwenda kutunza ubeti mwingine amejibu. Huo ni mgogoro kamili, na hakuna aliyeuandikia maneno ya kusema.

Wapigaji nao ni mafundi wa mchezo huo. Wakiona mstari wa watunzaji bado mrefu, hawaufungi wimbo. Kiitikio kinarudiwa, ala zinarefushwa, mpaka wa mwisho apate nafasi yake. Mwimbaji anabaki mtulivu, uso hauegemei upande wowote. Angeigiza hasira, angeuchukua mchezo kutoka kwa wenyewe.

Kwa hiyo kanuni ya utunzi huu ni kali. Fumbo likifungwa mno, hakuna atakayejitambua ndani yake. Likifunguliwa mno, litamfaa mtu mmoja tu, na wengine watabaki watazamaji wa ugomvi usiowahusu. Mtunzi hodari anaacha nafasi ya mtu mmoja ndani ya wimbo, nayo inamtosha kila anayeingia.

Mmarekani mmoja aliliona jambo hili kwa karibu. Kelly Askew aliishi Tanga, akapanda jukwaani pamoja na Babloom Modern Taarab, na mwaka 2002 Chuo Kikuu cha Chicago kikachapisha kitabu chake, Performing the Nation. Aliyaona matendo ya wanaotunza kuwa sehemu ya onyesho lenyewe, si zawadi tu kwa mwimbaji, na kutoka hapo akauliza jinsi dola nayo inavyotumia ngoma na nyimbo kujionyesha. Ni kitabu cha heshima. Kasoro yake si kosa la mwandishi: mama wa mtaa wa Makorora aliyefundisha somo hilo kwa bega lake hawezi kukisoma, kwa kuwa kimeandikwa kwa Kiingereza.

Miaka ya 1990 mipasho, yaani taarab ya kusemana waziwazi, ilishika kasi, vikundi vya TOT na Muungano vikapambana hadharani kutoka Dar es Salaam, na fumbo likavuliwa nguo. Mipasho ina ushujaa wake, na ilijaza kumbi. Lakini wimbo ukisema kila kitu wenyewe, msikilizaji anabakiwa na kazi ya kushangilia. Ule uhodari wa kuinuka kwa wakati wake, na ubeti wake, unapungua thamani. Hapo naona tumepoteza zaidi ya tulichopata.

Sondheim aliwaachia Wamarekani daftari lake likiwa na maelezo: kwa nini neno hili, kwa nini si lile. Watunzi wa Tanga wana madaftari pia, mengine yamo masandukuni mwa watoto na wajukuu. Wenye nayo wayatoe, wakae na waliokuwapo ukumbini, waandike kando ya kila wimbo nani aliutunga, lahani yake ilitoka wapi, na ubeti upi ulikuwa ukiwainua watu vitini. Na waandike kwa Kiswahili, ili kijana wa Chumbageni anayetaka kuandika tamthilia au filamu aanzie kwa walimu wa mji wake.