Zaniyah na Masikio ya Jirani

Jina la mtoto ndilo utungo mfupi kuliko wote ambao mtu wa kawaida huutunga. Hutungwa na watu wawili, mara nyingi baada ya mabishano, huandikishwa serikalini, kisha husomwa kwa sauti kila siku na watu ambao hawakuulizwa maoni yao. Ajabu ni kwamba uhakiki wa Kiswahili umezoea kuyachambua majina ya wahusika wa riwaya, lakini hauyatazami majina ya watoto wanaoitwa waje kula.

Zaniyah ni jina la aina mpya. Limeonekana katika orodha za majina ya Marekani ya Kaskazini pamoja na nduguze wengi: Aniyah, Janiyah, Taniyah, Shaniyah. Hayana kisa kimoja cha asili. Mzazi huchukua kichwa cha jina moja na mkia wa jingine, akaviunga penye sauti inayompendeza. Za- ni ya Zainabu, Zahara, Zakia na Zawadi. Mkia -niyah umetoka katika majina ya Kiarabu yaliyofika Marekani kwa njia nyingi, na h ya mwisho, ambayo haitamkwi, ni ya tahajia ya Kiingereza iliyopata umaarufu mkubwa kwa mwimbaji Aaliyah, aliyezaliwa mwaka 1979 na kufariki mwaka 2001. Mwenye kulitunga kwa Kiswahili hana haja ya kwenda mbali. Chukulia bibi mzaa baba aitwaye Zainabu na bibi mzaa mama aitwaye Haniya, kila mmoja akitaka somo. Ukate jina la kwanza baada ya silabi moja, ulikate la pili kabla ya silabi mbili za mwisho, na ugomvi umekwisha.

Ili kulipima jina hili ni afadhali liwekwe mahali panapojulikana, na Lawrence Heights, kaskazini-magharibi mwa katikati ya Toronto, panafaa kuliko pengi. Mtaa huu ulijengwa katika miaka ya 1950 kuwa makazi ya umma, nyumba ndogondogo zilizopangwa kwenye njia zinazojizungusha, kusini mwa mahali lilipofunguliwa duka kubwa la Yorkdale mwaka 1964. Barabara ya Allen, ambayo ni kipande kilichobaki cha barabara kuu ya Spadina iliyositishwa mwaka 1971, inaupasua mtaa vipande viwili. Wamekaa humo Wakaribi, Wasomali, Waeritrea, Waethiopia na wengine wengi. Wasemaji wa Kiswahili si kundi kubwa, lakini lugha yao inasikika ndani ya majina hata pale ambapo wenyewe hawapo. Mwaka 2011 halmashauri ya jiji ilipitisha mpango wa kuujenga mtaa upya, nyumba za ruzuku zichanganyike na nyumba za kuuza katika njia zile zile. Ni mahali ambapo neno haliwezi kukaa katika lugha moja tu. Ukimwita mtoto kutoka dirishani, wanakusikia watu wa lugha nne.

Wapo wanaoyakataa majina ya namna hii kwa hoja kwamba si ya Kiswahili kwa sababu yameungwaungwa. Hoja hiyo ni dhaifu, na historia ya pwani inaivunja. Mwanaisha ni Mwana na Aisha. Mwanahamisi ni Mwana na siku ya Alhamisi. Mwajuma ni Mwanajuma aliyepoteza silabi njiani, akatembea karne nzima bila ya mtu kumdai. Shaaban Robert, aliyefariki mwaka 1962, aliunga majina kwa mkono usiotetemeka: Utubora wa *Utubora Mkulima* ni utu na bora, na katika *Kufikirika* yupo Utubusara Ujingahasara, jina ambalo limebeba mizani nzima ya werevu na upumbavu. Na nchi yenyewe je? Tanganyika na Zanzibar ziliungana tarehe 26 Aprili 1964. Kabla mwaka haujaisha muungano ukaitwa Tanzania, jina lililoshonwa kwa silabi za mwanzo za pande mbili. Mtu anayejiita Mtanzania kila siku hana msingi wa kumcheka mama aliyemwita binti yake Zaniyah kwa sababu tu jina limeungwa.

Hata Ulaya mambo ni hayo hayo. Vanessa, jina ambalo mabinti wa Dar es Salaam na Nairobi wamelivaa hadi likaonekana la nyumbani, lilibuniwa na Jonathan Swift kutoka katika jina la Esther Vanhomrigh: Van- ya ukoo, na -essa ya Esther aliyefupishwa. Shairi lililolitoa hadharani lilichapishwa mwaka 1726. Karne tatu zimetosha kuusahaulisha mshono.

Kuunga, basi, si kosa. Tofauti ipo kwenye mahali pa kukata. Mwanaisha amekatwa penye kiungo: kila upande ni neno zima, na sikio huyapata yote mawili. Utubora vilevile. Zaniyah amekatwa penye mfupa. Za- peke yake haina maana ya Zainabu, na -niyah peke yake haina maana ya Haniya, ambalo kwa Kiarabu ni jina la furaha na raha. Mtunzi ameokoa sauti akaacha maana, kwa tumaini kwamba mahali palipo wazi pasikaliwe na mtu. Lugha haikubali nafasi tupu. Silabi zikiachwa bila maana, masikio ya watu huzitafutia.

Sikio la Kiswahili hulitafutia upesi. Linasikia *za nia*. Hapo jina linapata uzuri ambao pengine mtunzi hakuukusudia, kwa kuwa nia ni neno lililokwisha kuvuka bahari. Mwaka 1966 Maulana Karenga alipoanzisha sikukuu ya Kwanzaa huko California, aliipa misingi saba yenye majina ya Kiswahili, na wa tano ni Nia. Tangu hapo Nia amekuwa jina la binti katika familia nyingi za Wamarekani weusi, na kwa majirani wao wa Kanada. Sharifa Zawawi, ambaye kitabu chake cha majina *What's in a Name? Unaitwaje?* kilitoka mwaka 1993, aliwafungulia wasomaji wa nje mlango wa kuelewa kwamba jina la Kiswahili ni kauli yenye maana. Kwa msomaji wa namna hiyo Zaniyah ni kauli iliyokatika: za nia, lakini zipi? Safari? Siku? Kihusishi kinamngoja mwenyewe. Mwalimu wa sarufi angesema mtoto ni wa ngeli ya kwanza, kwa hiyo awe Wania, na angekuwa amempa jina la mtu anayegombea kiti. Heri upungufu wa za. Jina linalongoja nomino yake linamwachia binti kazi ya kufanya.

Hata mkazo unalisaidia. Watoto wa Toronto hulitamka kwa uzito juu ya *ni*, silabi ya pili kutoka mwisho, pale pale ambapo Kiswahili huuweka mkazo wake. Ni majina machache ya kigeni yanayoingia kinywani mwa Mswahili bila ya kubanwa au kunyooshwa. Hili linaingia kama mtoto wa nyumbani. Kwa mwenye asili ya Karibi, au Mkristo aliyezoea majina ya Biblia, mkia -yah unaweza kusikika kama jina la Mungu lililofupishwa, kama lilivyo ndani ya Isaya na Yeremia kwa tahajia ya Kiingereza. Kufikia hapa Zaniyah lina nia na lina Mungu, na mzazi anaweza kulala usingizi.

Asilale bado. Ipo ngazi nyingine katika jengo lile lile. Kwa mwenye kujua Kiarabu cha msahafu, *zāniya*, lenye irabu ndefu ya mwanzo, ni mwanamke mzinifu. Neno hilo ndilo linaloanza aya ya pili ya sura ya An-Nur, pamoja na adhabu yake. Si neno la mbali kwa Mswahili pia: zinaa, kuzini, mzinifu, yote ni ya mzizi huo, na hakuna aliyepita chuoni asiyeyajua. Kwa hiyo jina ambalo mlangoni kwa mmoja ni nia njema, mlangoni kwa mwingine ni tuhuma. Mwalimu wa madrasa akilifikia katika daftari la mahudhurio atasita, na watoto wana macho makali ya kuona mtu mzima aliyesita.

Utetezi wa kawaida ni kwamba jina si la Kiarabu, na kwamba hakuna sheria ya kulihukumu neno la lugha moja kwa kamusi ya nyingine. Ni kweli katika isimu. Mkazo ni tofauti, urefu wa irabu ni tofauti, asili ni tofauti. Lakini utetezi huo unadhani kwamba lugha zimetenganishwa na mipaka, kila moja nchini kwake. Lawrence Heights zimetenganishwa na ukuta wa matofali, na sauti hupenya. Isitoshe, familia iliyochukua Za- kutoka kwa Zainabu imekwisha kuingia katika nyumba ya Kiarabu kuchukua kitambaa. Haiwezi kusema haijui kwamba nyumba hiyo ina maneno mengine.

Na hapa lugha ya jirani inafanya jambo la kupendeza. Kisomali hakina sauti ya *z*. Zainabu kwao ni Seynab, Zahra ni Sahra. Mama wa Kisomali anayesema kwa ulimi wa kwao, akimwita Zaniyah acheze na wanawe, atamwita Saniya. Hilo nalo ni jina, na jina zuri: kwa Kiarabu *saniyya* ni mwenye kung'aa, mwenye daraja la juu. Kosa lililofanyika penye meza ya baba na mama linasahihishwa uani na mtu ambaye hakuambiwa kuna kosa. Pengine hakuna mfano bora wa faida ya kuishi na watu wengi.

Kuhusu maana mbaya, mila ya pwani haina woga wa kitoto. Inao Tabu, Shida, Mashaka, Sikujua. Majina hayo hayapendezi, ila ni ya makusudi: yanasimulia mwaka wa njaa, mimba iliyosumbua, baba aliyeondoka. Aliyeitwa Shida akiuliza, yupo wa kumjibu. Mwimbaji mkuu wa taarabu alizaliwa Fumba, Unguja, akaitwa Mtumwa binti Saad, jina lililotangaza hali ya wazazi wake katika jamii ya siku zile. Alipopata sauti na heshima aliitwa Siti, yaani bibi mtukufu, na ndivyo anavyokumbukwa tangu kifo chake mwaka 1950. Mtumwa lilikuwa jina la kikatili, lakini halikuwa la bahati mbaya. Lilijua lilichosema, na ndiyo maana kuliacha kulikuwa na uzito. Zaniyah halijui. Mtoto akirudi na swali kutoka madrasa, mzazi hana kisa cha kumpa isipokuwa kwamba lilisikika vizuri.

Lipo jambo jingine ambalo huenda ni zito zaidi ya kamusi, nalo ni somo. Katika Kiswahili anayeshiriki jina nawe ni somo yako, na neno hilo lina haki na wajibu ndani yake. Bibi humpendelea somo yake, humpa kanga, humwita kwa jina lake mwenyewe kama anayejiita utotoni. Mvuto mkubwa wa jina la kuungwa ni kwamba halina mwenziwe. Orodha ya majina ya kike inayotolewa na serikali ya Ontario huyaacha majina yaliyoandikishwa chini ya mara 5 kwa mwaka. Kwa wazazi wengi wa siku hizi kutoonekana katika orodha ni sifa. Kwa bibi Zainabu aliyeko Mombasa au Tanga, akisikiliza kwa simu, ni hesabu ya kupunguziwa. Amepewa silabi moja. Bibi Haniya amepewa mbili, na hilo nalo halitapita bila kusemwa. Mjukuu aliyetungwa ili awe wa wote wawili anaweza kukosa kuwa somo wa yeyote.

Hata hivyo jina hili halistahili kutupwa, na wanaolicheka mitaani wamelisikiliza nusu. Mdundo wake ni mzuri, maana yake ya Kiswahili ni nzuri kuliko alivyokusudia mtunzi, na kasoro yake imo katika konsonanti moja tu. Mwenye kuwahi kabla ya cheti anaweza kuchagua Saniya au Haniya bila kupoteza mdundo wala mkazo. Aliyechelewa ana ufupisho, ambao katika nyumba za Waswahili hauombi ruhusa ya serikali. Zani haifai, kwani inalikuza lile lile linalokimbiwa: kwa Kiarabu ni mwanamume mzinifu. Lakini watu hufupisha kutoka mwisho pia. Binti ataitwa Niya ngazini na Niya uwanjani, bibi wa Tanga ataliandika Nia bila *y* na bila *h*, na silabi ya kwanza, ile iliyokatwa kwa Zainabu, itabaki katika cheti cha kuzaliwa, ikisomwa siku ya kwanza ya shule na kwenye dirisha la pasipoti.