Ustadi wa Moto Mdogo

Miongoni mwa maelezo ya kale ya chakula cha mwambao wetu yamo yale yaliyoachwa na mtu wa Moroko, Ibn Battuta, mzaliwa wa Tanja katika mwaka 1304, ambaye mnamo 1331 alishuka Mogadishu, akapita Mombasa, akafika Kilwa, na kila alipokaribishwa akakitazama chakula kwa umakini ule ule aliotazamia misikiti na mabaraza ya masultani. Huko Mogadishu alikuta wali uliopikwa kwa samli ukipakuliwa katika chano kikubwa cha mti, na juu yake vitoweo vya kuku, nyama, samaki na mboga. Alikuta ndizi mbichi zilizopikwa kwa maziwa, na kando yake maziwa ya mgando pamoja na malimau ya achari, pilipili zilizotiwa siki na chumvi, tangawizi mbichi na maembe. Habari za safari zake zilipokuja kuandikwa na katibu Ibn Juzayy, kazi ikamalizika mwaka 1355, miaka 24 ilikuwa imepita, naye katika muda huo alikuwa amekwisha kuona Bara Hindi na visiwa vya Maldivi. Hata hivyo chano kile cha Mogadishu hakikumtoka moyoni. Wasemao kwamba chakula ni jambo dogo lisilostahili kalamu ya msomi na wamfikirie huyu, aliyekuwa kadhi na mwanachuoni, wala hakuona haya kutuandikia namna ndizi zilivyopikwa.

Nayaandika haya nikiwa Sachangwan, mbali na bahari, katika nyanda za juu za Molo, kando ya barabara kuu itokayo Nakuru kwenda Eldoret. Jina la mahali hapa Wakenya wengi walilisikia kwa mara ya kwanza katika msiba: tarehe 31 Januari 2009 lori la mafuta lilipinduka, moto ukalipuka, na watu zaidi ya mia moja wakafa, Mungu awarehemu. Hatutawasahau. Lakini ardhi yenyewe nayo ina haki ya kutajwa kwa neema zake, maana mtu apitaye hapa asubuhi, ukungu ungali haujapanda, huona kando ya lami magunia ya viazi yaliyovimba, mafungu ya karoti zenye udongo, makabichi, vitunguu na minji. Na akiinua macho huona malishoni kondoo wa Molo, ambaye sifa ya nyama yake imefika mpaka katika mahoteli makubwa ya Nairobi. Mwanamke wa Fez au wa Meknes akishushwa hapa na kikapu chake mkononi atakosa vitu vichache tu: zafarani, zeituni, na limau la chumvi. Vilivyobaki vyote atavikuta barabarani, tena vibichi kuliko vya soko lake.

Basi nikajiuliza kwa muda mrefu kwa nini vitu vile vile, vikiwa mikononi mwa Wamoroko, vimekuwa upishi unaosifiwa duniani kote, na mikononi mwetu vikawa mzigo wa kuuzwa kwa gunia. Jawabu nililolipata ni kwamba wao walizidisha kitu kimoja ambacho hakiuzwi sokoni, nacho ni saa. Chombo chao mashuhuri, tajini, ni sahani nzito ya udongo yenye kifuniko kirefu cha umbo la pia. Nyama hupangwa juu ya vitunguu vilivyokatwa, hutiwa mafuta ya zeituni, tangawizi, manjano na zafarani iliyorowekwa, pamoja na maji kidogo ambayo mpishi wa kwetu angedhani yamesahauliwa, kisha huwekwa juu ya makaa yaliyokwisha kupungua ukali. Mvuke hupanda, hukutana na udongo usioguswa na moto, hugeuka matone, na matone humwagikia nyama yalikotoka. Na mwendo huo hurudiwa saa mbili, hata tatu, mpaka vitunguu vimekuwa rojo na nyama imeachana na mfupa pasipo kisu. Hakuna cha kukoroga. Kazi kubwa ya mpishi ni kuuchunga moto.

Kwetu sisi wa nyanda za juu elimu hii ni ya lazima, wala si anasa. Molo iko karibu mita 2,500 juu ya bahari, na katika kimo hicho maji huchemka yakiwa na joto la nyuzi 92 au karibu yake, wala hayafiki nyuzi 100 hata ukiyakokea kuni za shamba zima. Mpishi mwenye haraka akiona nyama haijaiva huongeza moto. Moto hukausha maji bila kuongeza joto lake. Naye humaliza kuni zake, akaandaa nyama ngumu, na lawama zote akambebesha kondoo. Kilichopungua hapo ni muda.

Mimi sina tajini. Nina chungu cha udongo nilichonunua Nakuru, mkungu wake, na jiko la makaa, na kwa vyombo hivyo hupika mkono wa kondoo pamoja na mifupa yake. Limau la chumvi hulitengeneza mwenyewe, kwa kuwa halina siri: malimau huchanjwa mara nne bila kuachanishwa, hushindiliwa chumvi, hupangwa katika chupa yenye mdomo mpana, hukamuliwa maji ya malimau mengine juu yake mpaka yafunikwe, na huachwa mwezi mzima. Likitolewa, ganda lake limekuwa laini, ukali wake umetulia, na lina harufu ambayo limau bichi halina. Huoshwa, nyama yake ya ndani hutupwa, na ganda peke yake huingia chunguni mwishoni.

Chungu huchungwa kwa sikio. Kikiwa sawa hutoa mlio mdogo usiokatika; kikianza kunguruma, huondoa makaa mawili au huyafunika majivu; kikinyamaza, huyapepea. Viazi vyetu vya hapa, shangi, ambavyo sifa yake ni kuiva upesi, havingojei saa mbili, kwa maana vitapasuka na kuufanya mchuzi kuwa uji. Hivyo hutiwa katika nusu saa ya mwisho, na minji baada yake, ili ibaki na rangi yake. Mambo haya ni madogo yakitajwa moja moja, lakini ndiyo yanayomtenga fundi na mtu aliyetia vitu motoni.

Na kama yuko anayedhani kwamba mapishi ya subira ni shughuli ya wasio na kazi nyingine, na asikie habari za tanjia ya Marrakech, ambayo kwangu mimi inapendeza kuliko mapishi yote ya nchi ile. Tanjia ni mtungi wa udongo wenye shingo, na ni chakula cha wanaume wa kazi, hasa mafundi wa masokoni. Fundi huujaza mtungi wake nyama yenye mifupa, kitunguu saumu, bizari nyembamba, limau la chumvi, zafarani na samli iliyokomaa, hufunga mdomo kwa karatasi na uzi, kisha huupeleka kwa mtu anayechochea tanuri la hamamu, naye huufukia katika majivu ya moto. Wenyewe wanarudi kazini. Saa nyingi zikipita wanauchukua, na siku ya mapumziko hukaa bustanini wakala pamoja. Watu waliozoea kungoja ngozi ikolee dawa na mbao ikauke hawakuhitaji kufundishwa kungoja nyama. Huku kwetu mwanamume husimama kwa fahari mbele ya nyama choma, lakini chungu hukiona kuwa si chake, na naamini kwamba hasara ni yake.

Lakini nitakuwa nimevunja insafu nikiitafuta subira Moroko tu na kuificha iliyoko mlangoni pangu. Majirani zangu Wakalenjin wana mursik, na aliyewahi kumtazama mama mwenye ujuzi akiitengeneza hatathubutu kusema kwamba Bonde la Ufa halina ustadi wa chakula. Kibuyu, kiitwacho sotet, husafishwa na kukaushwa kabisa. Kijiti cha mti wa senetwet huchomwa mpaka kiwe kaa. Kaa hilo huingizwa kibuyuni na kusuguliwa pande zote kwa ufito uitwao sosiot, hata ukuta wa ndani ushike weusi sawasawa. Kisha maziwa yaliyochemshwa na kupoa humiminwa, kibuyu hufunikwa barabara, na huwekwa mahali pa baridi siku kadhaa, au majuma. Maziwa yanayotoka ni ya kijivu chenye kuelekea samawati, mazito, yenye ukali na harufu ya moshi. Wanariadha wetu wanaporudi na medali, kibuyu hicho ndicho kinachowapokea katika uwanja wa ndege mbele ya maua. Wamoroko nao wana smen, siagi iliyotiwa chumvi na kufungiwa katika mtungi wa udongo miezi, pengine miaka, na iliyo kongwe huwekewa siku za heshima. Mataifa mawili yaliyotengwa na jangwa zima yalifikia maarifa mamoja, kwamba maziwa yakilindwa vizuri hayaozi bali hukomaa.

Tofauti iko katika heshima. Nayo heshima hiyo hata huko haikuja mapema wala haikumfikia kila aliyestahili, kwa kuwa mapishi makuu ya majumba ya Fez na Marrakech yalibebwa na wanawake walioitwa dada, wengi wao watumwa au wazawa wa watumwa waliotolewa kusini mwa Sahara, ambao vyakula vyao vinajulikana na majina yao hayajulikani. Ni ndugu zetu hao, na kila asifuye upishi wa Moroko bila kuwataja amesifu nusu. Lakini katika zama zetu mambo yamegeuka. Fatéma Hal, mzaliwa wa Oujda, alifungua mkahawa wake wa Mansouria mjini Paris mwaka 1984, na akaandika vitabu. Marrakech upo mkahawa wa Al Fassia, unaoendeshwa na wanawake. Na Mourad Lahlou, kijana wa Marrakech aliyekwenda San Francisco kusoma uchumi, alishikwa na hamu ya chakula cha kwao, akaanza kupika kwa kukumbuka tu, na mwaka 2001 akafungua mkahawa akauita Aziza, kwa jina la mama yake. Chakula chake ni cha kisasa, huenda bibi wa zamani asingelitambua umbo lake, lakini limau la chumvi limo, na saa zimo. Usasa wa namna hiyo naukubali, maana mwenye kuubuni aliihifadhi kwanza ile asili, ndipo akaibadili.

Dunia nayo imetia muhuri wake. Mwaka 2020 UNESCO iliandikisha maarifa ya kupika kuskusi kwa jina la nchi nne pamoja, Aljeria, Moroko, Mauritania na Tunisia. Na mwaka 2021 ikaandikisha juhudi za Kenya za kuhifadhi vyakula vya asili kuwa mfano mwema wa kuigwa. Habari hii ya pili ni wachache sana hapa barabarani wanaoijua, na sikuiona imebandikwa katika ukuta wa hoteli yoyote.

Kwa hiyo nawaelekea ninyi wenye hoteli za Salgaa, Sachangwan na Mau Summit, ambao abiria na madereva husimama kwenu kila saa, mkawapa chipsi zilizokaangwa kwa mafuta ya jana ilhali kondoo bora wa nchi hii analisha nyuma ya nyumba. Telekeni chungu kimoja alfajiri, kiwe na kondoo, vitunguu na viazi vya hapa, kiive kwa moto mdogo mpaka saa sita, na mkiandike ubaoni kwa jina la Sachangwan. Na yule mama au kijana atakayekichunga asiitwe kibarua wa jikoni: mwajirini kwa jina la fundi, na mlipeni ujira wa fundi.