Katika Msafara wa Mamba na Kenge Wamo: Tahakiki ya Istilahi "Sauria" na Kisawe Chake "Mjusi" katika Kiswahili cha Pwani ya Kaskazini ya Cabo Delgado

Ikisiri

Makala haya yanatahakiki mazoea ya kulitafsiri neno la kisayansi sauria, ambalo Kireno huliandika sáurio, kwa neno moja la Kiswahili: mjusi. Hoja kuu ni kwamba sauria halijawahi kuwa na maana moja hata katika sayansi iliyoliunda, na kwamba kulibadilisha kuwa mjusi hupoteza utofautishaji ambao Kiswahili cha pwani tayari kinao. Hasara hiyo huonekana zaidi katika matini za sheria na uhifadhi, ambako kisawe kilichochaguliwa vibaya kinaweza kuigeuza amri iseme kinyume cha ilivyokusudiwa. Makala yanapendekeza mgawanyo wa kazi kati ya istilahi mkopo na majina mahususi ya wenyeji.

1.0 Utangulizi

Pwani inayoanzia mdomo wa mto Ruvuma, kupitia Quionga na Palma hadi Mocímboa da Praia, ni eneo la lugha nyingi. Kireno ni lugha ya serikali. Kimwani ni lugha ya watu wa pwani na visiwa. Shimakonde husikika kutoka nyanda za juu hadi sokoni. Nacho Kiswahili ni lugha ya biashara, ya madrasa na ya undugu unaovuka mto. Wanaisimu wamejadiliana kwa muda mrefu kuhusu nafasi ya Kimwani, kama ni lahaja ya Kiswahili au ni lugha jirani yake. Mjadala huo hatuutatui hapa. Linalotuhusu ni kwamba msomaji wa eneo hili, anapopewa maandishi ya kitaalamu kwa Kiswahili, huyapima kwa maneno aliyoyazoea nyumbani.

Umuhimu wa suala hili umeongezeka. Jumuiya ya Maendeleo ya Kusini mwa Afrika (SADC) ilikifanya Kiswahili lugha yake rasmi ya nne mwaka 2019. Hifadhi ya Taifa ya Quirimbas, iliyoanzishwa 2002, ilitambuliwa na UNESCO kuwa hifadhi ya baiolojia mwaka 2018. Miradi ya gesi katika bonde la Ruvuma imeleta tathmini za mazingira zenye orodha ndefu za viumbe. Matini za namna hiyo huandikwa kwa Kireno au Kiingereza, kisha hutakiwa zimfikie mwananchi. Mfasiri akikutana na sáurios, mkono wake huenda moja kwa moja kwenye mijusi. Makala haya yanauhoji mwendo huo wa mkono.

2.0 Neno moja, maana tatu

Asili ya istilahi ni neno la Kigiriki sauros, "mjusi". Mwaka 1800 Mfaransa Alexandre Brongniart aliwagawa reptilia katika makundi manne, mojawapo likiwa Saurii, ambamo aliwaweka mijusi pamoja na mamba. Hiyo ndiyo maana ya kwanza: wanyama wenye magamba, miguu minne na mkia, wanaofanana kwa umbo.

Baadaye mamba walitolewa, na sauria likabaki jina la mijusi peke yao, bila mamba na bila nyoka. Maana hii ya pili ndiyo iliyoingia katika vitabu vingi vya shule na katika kamusi za lugha za Ulaya, Kireno kikiwamo.

Maana ya tatu ilikuja na uainishaji wa nasaba. Kuanzia miaka ya 1980, wataalamu wanaofuata njia hiyo wamelitumia Sauria kwa ukoo mzima unaotokana na babu wa mwisho wa pamoja wa mijusi na mamba. Katika ukoo huo wamo nyoka, wamo dinosaria, na wamo ndege. Kwa maana hii kuku aliyeko uani ni sauria kama alivyo kenge anayemwinda.

Aidha, kiambishi -saurus katika majina ya visukuku ni lakabu tu, hakielezi nasaba. Richard Owen alipounda jina Dinosauria mwaka 1842, "mijusi wa kutisha", alitaja wanyama ambao leo wanajulikana kuwa jamaa wa karibu wa mamba na ndege kuliko mijusi. Mfano mkali zaidi ni Basilosaurus, jina lililotolewa mwaka 1834 likimaanisha "mjusi mfalme". Mwenye jina alikuja kutambuliwa kuwa nyangumi, lakini jina likabaki kwa sababu kanuni za uainishaji hulinda jina lililotangulia.

Kwa hiyo anayesema kwamba "sauria maana yake ni mjusi" anasema kweli kuhusu Kigiriki. Kuhusu matini iliyoko mbele yake bado hajasema lolote.

3.0 Utajiri wa majina ya pwani

Kiswahili hakikuingia katika suala hili mikono mitupu. Mjusi ni jina la wanyama wadogo wa ukutani na vichakani. Wingi wake ni mijusi, lakini huchukua upatanisho wa viumbe: mijusi hawa wanakimbia. Mjusi kafiri hutajwa mara nyingi kwa yule wa nyumbani atambaaye ukutani usiku karibu na taa. Guruguru na gorong'ondwa ni majina ya mijusi wakubwa zaidi. Kinyonga, au lumbwi, ana jina lake. Kenge ana lake. Mamba ana lake.

Jambo la kuzingatia ni kwamba msemaji wa kawaida hamwiti kenge "mjusi", ingawa mwanasayansi angemweka humo, na hamwiti kenge "mamba", ingawa wanafanana majini. Methali inalisema hilo vizuri: katika msafara wa mamba na kenge wamo. Hutumiwa kuonya kwamba kundi la wakubwa halikosi mdandiaji, lakini haieleweki pasipo maarifa ya kizoolojia: kenge anafanana na mamba kiasi cha kupita katika msafara, ila mwenye jicho humjua. Methali imejengwa juu ya tofauti ambayo Saurii ya mwaka 1800 iliifuta.

Linganisha na Kireno. Katika maandishi ya zamani ya Kireno na Kihispania, lagarto lilibeba mjusi na mamba pia, na kutokana na el lagarto ya Kihispania Waingereza walipata jina alligator. Lugha zilizotuletea istilahi zilikuwa na utata mahali ambapo lugha ya pwani haikuwa nao. Mfasiri anayeona kwamba Kiswahili "hakina neno" la sáurio anapaswa kujiuliza kama upungufu uko katika Kiswahili au katika neno analolitafsiri.

4.0 Mjusi wa Tendaguru

Matumizi ya mjusi yaliyoenea zaidi katika mjadala wa umma yapo ng'ambo ya mto, mkoani Lindi. Kati ya 1909 na 1913 wachimbaji wa Jumba la Makumbusho la Berlin, wakiongozwa na Werner Janensch na Edwin Hennig, walichimba mifupa Tendaguru. Kazi yenyewe ilifanywa na mamia ya wafanyakazi Waafrika chini ya msimamizi Boheti bin Amrani, na mifupa ikabebwa na wapagazi hadi bandari ya Lindi. Kiunzi kikubwa kilichosimamishwa Berlin mwaka 1937, chenye kimo cha zaidi ya meta 13, kinajulikana Tanzania nzima kwa jina "mjusi". Bungeni na magazetini huulizwa: mjusi wetu atarudi lini?

Katika muktadha huo neno limefanya kazi ambayo dinosaria lisingeifanya. Limemtoa mnyama katika kabati la kioo na kumfanya kiumbe anayeweza kudaiwa na mwenyewe. Mhakiki hana haki ya kulibeza. Lakini limefanya na kazi nyingine kimyakimya: limemfundisha msomaji kwamba dinosaria ni mjusi aliyekua mno. Mwanafunzi aliyelelewa na jina hilo atashangaa kuambiwa kwamba jamaa hai wa karibu zaidi wa mnyama wa Lindi ni ndege.

Inafaa kuangalia wanasayansi wenyewe walivyofanya walipokopa kutoka Kiswahili. Asilisaurus kongwe, mnyama wa kusini mwa Tanzania aliyetangazwa 2010, aliunganisha asili na -saurus. Shingopana songwensis (2017) na Mnyamawamtuka moyowamkia (2019), dinosaria wawili wa kusini magharibi mwa Tanzania, waliachana kabisa na mjusi: mmoja ametajwa kwa shingo yake, mwingine ni "mnyama" tu. Jenasi ya vinyonga iliyoitwa Kinyongia mwaka 2006 ililichukua jina la pwani kama lilivyo. Hata mnyama wa Berlin, aliyepewa jina Brachiosaurus brancai mwaka 1914, tangu 2009 wataalamu wengi humwita Giraffatitan, "twiga jitu". Sayansi imemvua umjusi. Kiswahili cha umma bado kimemvisha.

Majina haya yana siasa pia. Mnyama mmoja wa Tendaguru alipewa mwaka 1919 jina la jenerali wa kikoloni, Lettow-Vorbeck. Mwingine, Australodocus bohetii, alipewa mwaka 2007 jina la Boheti. Nani anatajwa, na kwa lugha gani, halijawahi kuwa suala la usahihi wa kibaiolojia peke yake.

5.0 Pale kosa linapouma

Katika makumbusho kosa la jina huleta mshangao. Katika sheria huleta madhara. Tuchukue sentensi ya kubuni, ya aina inayoweza kutokea katika tangazo la hifadhi: "Ni marufuku kukamata, kuua au kusafirisha sauria bila kibali." Ikitafsiriwa "mijusi", msomaji wa Palma atamfikiria nani? Atamfikiria kwanza yule wa ukutani.

Msumbiji ilijiunga na mkataba wa CITES unaosimamia biashara ya kimataifa ya viumbe walio hatarini mwaka 1981. Katika Kiambatisho cha II cha mkataba huo wamo kenge wote wa Msumbiji pamoja na vinyonga wake. Mjusi wa kawaida wa nyumbani hayumo. Tafsiri hiyo basi imeipindua sheria: aliyelindwa na mkataba, kenge, ameachwa nje kwa sababu haitwi mjusi, asiyehusika ameingizwa kwa sababu ndiye mwenye jina.

Kuna tabaka la pili. Katika Sahihi ya Bukhari imo Hadithi kwamba wazagha, mjusi wa nyumbani, aliupuliza moto aliotupwa Nabii Ibrahim, na kwamba Mtume aliagiza auawe. Katika jamii za Waislamu wa pwani habari hii inajulikana sana, na wengi huihusisha na sifa ya kafiri katika mjusi kafiri. Tangazo linalosema "tuwalinde mijusi" halisomwi katika ombwe. Linakutana na mafundisho ya dini bila ya haja yoyote, maana mwandishi wake hakumkusudia mnyama huyo. Mradi unaweza kupoteza imani ya watu kwa ajili ya kisawe kimoja.

Tabaka la tatu ni la wakati. Tangu Oktoba 2017 vita vimewahamisha watu wengi wa wilaya za Palma na Mocímboa da Praia. Majina ya viumbe hufundishwa mahali viumbe walipo: mtoni, shambani, ufukweni. Mtoto anayekulia kambini hamwoni kenge akivuka njia. Ikiwa maandishi yatakayomfikia yatakuwa na neno moja tu, mijusi, yatakamilisha upotevu ambao vita vimeuanza.

6.0 Hoja pinzani

Yapo mapingamizi mawili yanayostahili jibu. La kwanza ni kwamba maana ya neno hutokana na matumizi, na kama watu wanasema "mjusi wa Tendaguru", basi mjusi limepanuka. Tunakubali, kwa mipaka ya matumizi hayo. Upanuzi wa maana katika usemi wa umma hauipi matini ya sheria ruhusa ya kuutegemea. Msemaji yuleyule anayedai mjusi wa Berlin hamwiti kenge wa mtoni mjusi.

La pili ni kwamba istilahi mkopo humtenga msomaji. Hilo ni kweli iwapo mkopo umeachwa peke yake. Lakini tafsiri inayoeleweka upesi na vibaya humtenga msomaji zaidi, kwa kuwa hajui kwamba ametengwa.

7.0 Hitimisho na mapendekezo

Tunapendekeza mambo manne. Kwanza, sauria litumike kama istilahi mkopo katika matini za kitaalamu tu, na kila mwandishi aeleze ni ipi kati ya maana tatu anayoikusudia. Pili, katika sheria, vibali na matangazo, jina la kundi liandamane na orodha ya majina mahususi: kenge, kinyonga, guruguru na wengineo, pamoja na visawe vya Kimwani na Shimakonde vilivyokusanywa kwa wasemaji wenyewe, wakiwamo waliohamishwa. Tatu, dinosaria litumike darasani, na "mjusi wa Tendaguru" lifundishwe kama jina la kihistoria lenye hadhi yake, bila kulifanya fasili. Nne, tathmini za mazingira zinazotafsiriwa zipitiwe na mtu anayewajua wanyama kwa majina ya mahali kabla hazijasomwa hadharani.

Wazee waliotunga methali ya msafara hawakuhitaji Kigiriki kumtambua kenge katikati ya mamba. Mfasiri wa leo anayewafungia wote katika neno moja amejinyima jicho hilo, na amemnyima pia msomaji ambaye alikuwa nalo kabla ya kupewa tafsiri.